Ukuta Ulioitikia Amina

Wiki iliyopita kitabu cha Bibi kilijifungua chenyewe juu ya meza ya jikoni kwangu, hapa Midrand nje ya Johannesburg, nami nikabaki nimesimama na kikombe cha chai mkononi kama mtu aliyekutwa anadokoa nyama. Usicheke. Nilikuwa nimekitoa kwenye sanduku lake nikipanga nguo za kugawa, nikakilaza mezani kimefungwa, nikageuka kuzima birika. Nilipotazama tena kilikuwa wazi, palepale kinapofungukia siku zote, kwenye ule ukurasa wenye alama ya dole gumba.

Sababu naijua. Kitabu kikifunguliwa mahali pamoja miaka na miaka, uti wake hulegea pale, na ukikiacha kidogo kinarudi kwenye mazoea yake kama punda anavyorudi zizini. Hilo naweza kukueleza mchana kweupe bila wasiwasi. Lakini tumemzika Bibi mwezi uliopita, na tangu siku ile sijatamka neno Amina. Nakula bila kushukuru na nalala bila kuomba. Sijamkasirikia Mungu, hapana. Naogopa tu kwamba nitasema Amina na hakuna atakayeitikia. Ili hofu hiyo usiione ya kitoto, inabidi nikurudishe Hillbrow, katikati ya jiji la Johannesburg, nilikokulia.

Tulikaa ghorofa ya juu, kwenye jengo ambalo lifti yake ilikufa kabla sisi hatujafika kutoka Kongo, na hakuna aliyejisumbua kuizika. Mlango wake ulibaki nusu wazi, na upepo ukipita mle shimoni jengo zima lilitoa mlio mmoja mrefu, kama mtu anayepuliza chupa. Fleti yetu ilikuwa ya familia kadhaa. Sebule ilikatwa kwa mapazia, jiko lilikuwa la zamu, na sisi tulipata chumba cha mwisho: Bibi, Mama na mimi. Mama alisuka nywele kwenye kando ya barabara karibu na Joubert Park, akarudi jioni ananuka mafuta ya nywele na vidole vimekakamaa. Kazi yangu ilikuwa kupandisha maji kwa ndoo pampu ikigoma, na kutwanga sombe. Majani ya muhogo ukiyatwanga ghorofani, jengo lote linajua unapika nini. Jirani wa chini alikuwa akigonga dari yake kwa mpini wa ufagio, na Bibi akasema ni vizuri, anatusaidia kutwanga.

Sauti za pale nazikumbuka kuliko nyuso. Honi za teksi tangu alfajiri, mahubiri kutoka kanisa la ghorofa ya chini, njiwa wakikoroma kwenye madirisha yaliyovunjika, mtu akigombana kwa Kizulu na mwingine akimtuliza kwa Kifaransa. Katikati ya makelele yote hayo kulikuwa na mlango mmoja tu usiotoa sauti, nao ni wa fleti iliyopakana ukuta na chumba chetu. Ulikuwa na geti la chuma lililoliwa na kutu. Watu walisema hamna mtu mle, walihama wazungu wa zamani wakaacha vumbi. Sisi watoto tuliamini hivyo siku zote isipokuwa Ijumaa, kwa sababu Ijumaa jioni, giza likianza kuingia, chini ya mlango ule kulitokea mstari wa mwanga unaotikisika. Umeme hautikisiki vile. Ilikuwa moto wa mshumaa, na sisi tulipita pale tukikimbia.

Mlango wetu wenyewe nao ulikuwa na jambo lake. Kwenye mwimo, upande wa kulia, kulikuwa na kitu kidogo kirefu kimesimama mshazari, kimepakwa rangi juu ya rangi mpaka kikawa kama kovu. Bibi alikataza tusikibandue. "Aliyekiweka alikuwa na sababu," alisema, "na sababu haihami na mtu."

Sasa nikueleze kuhusu Mjomba, maana bila yeye kitabu kile kingebaki kuwa karatasi tu. Mjomba ni mdogo wake Mama, kitinda mimba wa Bibi. Vita vilipoingia Uvira watu walikimbilia ziwani, naye akasema anarudi nyumbani mara moja kuchukua redio. Hakuonekana tena. Kwetu mtu hafanyiwi matanga bila kaburi, au bila shahidi aliyeona kwa macho yake. Ndugu walipiga simu wakimwambia Bibi muda umepita, akae chini, anyoe nywele, amlilie mwanawe. Bibi alikataa. Kila jioni alipopakua alimtengea Mjomba sahani yake, bugali na sombe na dagaa, akaifunika kwa sahani nyingine na kuiweka dirishani. Asubuhi aliila yeye mwenyewe, imeganda, bila kusema neno. Mama aliwahi kumwambia, kwa upole lakini alimwambia, "Mama, asiyekuwepo na lake halipo." Bibi akamjibu, "La wengine. La mwanangu lipo." Methali ile haikutamkwa tena nyumbani kwetu.

Kitabu alikipata siku alipokuwa akitafuta mahali pa kuweka mfuko wa nguo za Mjomba, ambazo alizibeba kutoka nyumbani kupitia nchi ngapi sijui. Chumba kilikuwa na kabati la ukutani, la mbao nzito, refu mpaka dari. Bibi alipanda juu ya kreti la soda, akapenyeza mkono kwenye rafu ya juu kabisa, ukakutana na kitu laini. Alikishusha kimefungwa kwenye kitambaa cha meza kilichogeuka manjano. Kilinuka nta na kitu kingine kitamu, kama divai iliyokauka. Ndani ya kitambaa kitabu cheusi, kinene, na ndani ya kitabu herufi za mraba, nzito, zimebanana kama watu kwenye foleni ya mkate. Nilikuwa najua kusoma tayari na nilijivunia sana, lakini pale sikuambulia kitu. Nilihisi kwamba herufi ndizo zilizokuwa zikinitazama mimi.

Mzee wa kanisa letu alikishika kwa mikono miwili. Alisema hiki ni Kiebrania, lugha aliyoisema Musa, na hiki ni kitabu cha sala cha Wayahudi. Basi, nani angemshika Bibi tena? Sala zake za miaka yote zilikwenda kwa Kiswahili cha Uvira na hazikuwa zimepata jibu. Sasa alikuwa na kitabu cha lugha ya nyumbani kwa Mungu mwenyewe. Hakujali kwamba hajui kukisoma. "Mungu anajua kusoma," alisema. "Mimi nitashika, yeye atasoma."

Tulikifungua kwa upande tunaofungulia Biblia, hatukujua kwamba Kiebrania husomwa kutoka kulia na mwanzo wetu ndio mwisho wa kitabu. Bibi aliperuzi akitafuta mahali pa kuombea, na njia yake ya kutafuta ilikuwa ya mwanamke aliyeuza samaki sokoni maisha yake yote. Hakutafuta ukurasa msafi, alitafuta uliochakaa. "Sufuria nyeusi ndiyo inayopika," aliniambia. Akaupata. Ulikuwa umelainika kama noti ya zamani, una tone la nta pembeni, na chini kwenye kona kulikuwa na alama ya dole gumba, ya kahawia, iliyokolea kwa kushikwa na kushikwa. Bibi aliweka dole gumba lake juu ya alama ile. Lililingana.

Tangu hapo Ijumaa jioni akina mama wa kanisa walipokusanyika chumbani kwetu kuomba, kitabu kilikaa magotini mwa Bibi. Picha ya Mjomba aliilaza juu ya ukurasa ule, akaweka kidole pale penye alama, akaomba kwa Kiswahili mwanawe arudi. Wenzake wakaitikia Amina. Mimi nilikaa kitandani, mgongo umeegemea ukuta wa jirani, kwa sababu ndipo nafasi ilipobaki. Kwa hiyo ni mimi niliyesikia kwanza. Ilikuwa umeme umekatika, kibatari kimoja kinawaka, Bibi amemaliza, akina mama wamesema Amina, kukawa na ule ukimya mdogo wa watu wanaofumbua macho. Nyuma ya kichwa changu, ndani ya ukuta, sauti kavu na nyembamba ikasema, "Omein."

Niliruka nikaangukia miguuni kwa Mama. Alinifinya akidhani nacheza. Ijumaa iliyofuata wakasikia wote.

Mama mmoja aliyeongoza maombi, mwanamke mwenye sauti ya kufukuza mvua, alisimama na kusema hilo ni pepo lililofuata kitabu, na dawa yake ni kiberiti. Mama yangu alitikisa kichwa kukubali. Wengine walikuwa tayari wamebeba mikoba. Bibi peke yake hakuondoka mahali pake. Alikuwa ameugeukia ule ukuta, kinywa wazi kidogo, kama mtu aliyeitwa kutoka mbali.

"Iko mutu pale ndani," alisema. "Na anaitikia nikimwomba mwanangu."

Mama alielewa kabla yangu. "Mama, tafadhali," alisema. "Atafikaje Johannesburg, akae mlango wa pili, asitugongee?"

"Na sisi," Bibi akauliza, "tulijua tutafika Johannesburg?"

Bibi alichukua ile sahani iliyofunikwa dirishani akatoka nayo kwenye korido, nami nikamfuata nikishika kibatari kwa sababu aliniambia nishike. Sijui kama umewahi kutembea nyuma ya mtu unayempenda ukiwa na hakika kwamba anakwenda kuumia. Upepo ulikuwa unapuliza ile chupa yake kwenye shimo la lifti. Mstari wa mwanga ulikuwepo chini ya mlango, unatikisika. Bibi aliweka sahani chini mbele ya geti, akamwita Mjomba kwa jina lake la utotoni, polepole, kama unavyomwita mtoto aliyejificha kwa kuogopa kupigwa. Nyuma ya mlango kulisikika unyayo ukiburuzika, ukaja karibu, ukasimama. Tulisikia mtu anapumua. Kisha mwanga ukazimika.

Kesho yake sahani haikuwepo. Jioni tuliikuta mlangoni kwetu, imeoshwa inang'aa, na juu yake vipande vya mkate mkavu mwembamba kama karatasi, umetobolewa vitundu vitundu, usio na chumvi wala ladha. Mimi sikuthubutu kuugusa. Bibi alikula kipande huku machozi yanamtoka, na alikuwa anacheka. "Sahani haikurudi tupu," alisema. "Huyo amelelewa." Alikuwa na furaha ambayo sijaiona kwake kabla wala baada ya siku ile, na nikaanza kusali kimoyomoyo, kwa nguvu zangu zote, kwamba nyuma ya mlango ule awe Mjomba kweli.

Safari ya pili alikwenda na sahani mkono mmoja na kitabu kwapani, na hakuweka kitu chini. Aligonga. Aligonga kama mtu aliyekuja kwake. Mnyororo ulilia, mlango ukafunguka kiasi cha uso, na uso wenyewe ulikuwa wa ajuza wa kizungu, mdogo, kilemba kichwani, sweta juu ya sweta, macho meupe kwa uzee. Nilimwona Bibi akizeeka palepale. Sahani iliinama, mchuzi ukamwagikia kidole, hakuhisi.

Ajuza hakututazama sisi. Alikitazama kitabu. Aliuliza kitu kwa Kiingereza, na Bibi akanisukuma mbele maana Kiingereza cha nyumba kilikuwa changu.

"Anasema yuko wapi," nikatafsiri.

"Nani?"

"Mwenye kitabu. Anauliza kama amerudi."

Ndipo tulipojua, hatua kwa hatua, mimi nikiwa katikati nikitafsiri. Yeye alikuwa mpangaji wa mwisho wa zamani, hakuwa na pa kuhamia wala aliyemtaka. Watoto wa jengo baadaye tulimwita Gogo kama tulivyomwita kila mwanamke mzee. Chumbani kwetu alikuwa akikaa jirani yake, mwanamume aliyefiwa na mkewe. Miguu ilipomkataa kwenda sinagogi alisoma sala ya mkewe nyumbani, amesimama karibu na ukuta, kwa sababu sala ile hairuhusiwi kusemwa na mtu peke yake. Lazima awepo wa kuitikia. Desturi inataka watu wengi zaidi, Gogo alisema, lakini wengine walikuwa wameondoka na ukuta ndio uliobaki. Mzee alisoma upande wake, yeye akaitikia Omein, ndiyo Amina ya kwao, upande huu, mpaka mzee naye akafa. Chumba kikakaa kimya miaka. Halafu Ijumaa moja alisikia sauti tena kupitia ukuta uleule na watu wakisema Amina.

"Anasema alidhani ni yeye amerudi," nikamwambia Bibi. "Anasema aliogopa sana, lakini ukisikia mtu anaomba lazima uitikie, hata kama ni maiti."

Wazee wawili wakatazamana, kila mmoja alikuwa mzimu wa mwenzake. Gogo alinyoosha mkono kupitia nafasi ya mlango akakipokea kitabu. Kwanza alikigeuza, maana tulikuwa tumekishika kinyumenyume siku zote hizo. Akakibusu. Akakiweka kiganjani, na kikajifungua. Picha ya Mjomba ilikuwa pale. Gogo aliitazama, akamtazama Bibi, akaniuliza mimi kwa sauti ya chini kijana huyu alifariki lini.

Nilimwambia hajafariki, amepotea, Bibi anamwombea arudi. Gogo akafumba macho. Kisha akanieleza ukurasa ule ni wa nini, nami nikalazimika kugeuka na kumwambia Bibi yangu, kwa mdomo wangu mwenyewe, kwamba hiyo ndiyo sala wanayosema waliofiwa.

Kwetu kinywa huumba. Ukitamka uhai unaita uhai, ukitamka mauti umeyafungulia mlango. Bibi alikichukua kitabu, akarudi chumbani, akakiweka kabatini kwenye rafu ya juu, akakaa sakafuni. "Nimemzika mwanangu kwa mikono yangu," alisema. "Kila Ijumaa nilimwekea udongo." Hakulia. Angelia ingekuwa afadhali. Siku zile hakuomba na hakuongea, na sahani ya Mjomba iliendelea kupakuliwa, lakini alikuwa akiipakua huku ametazama pembeni. Mama aliacha kwenda kusuka. Tulimchunga kwa zamu, hatukusema tunamchunga.

Ijumaa ilipofika hakuna aliyekuja kuomba. Giza likaingia, ukimya ukakaa chumbani kama mgeni asiyejua kuaga. Kabatini kikasikika kishindo kidogo cha kitu kinachoanguka kifudifudi. Tulitazamana, Mama na mimi, hakuna aliyeinuka. Na ukuta ukagongwa. Taratibu, mara chache, kisha tena.

"Anauliza kwa nini mmenyamaza," nilisema, ingawa hakuna aliyesema kitu.

Bibi aliinuka kama mtu aliyechoka kuogopa. Alifungua kabati, akakitoa kitabu, na sihitaji kukuambia kilikuwa kimefungukia wapi. Tulikwenda mlangoni kwa Gogo, na safari hii mnyororo ulikuwa umeshafunguliwa. Ndani kulikuwa na mishumaa miwili juu ya sinia, na giza lililobaki lilijaa samani. Bibi hakukaa. Aliniambia nimuulize jambo moja tu: sala hiyo inasemaje kuhusu wafu?

Gogo alisoma. Hakuhitaji macho, alikuwa nayo kichwani, midomo ilikwenda yenyewe. Kisha akaanza kunipa kwa Kiingereza, kidogo kidogo. Inasema jina la Mungu ni kubwa na lizidi kuwa kubwa. Inasema sifa zake zinapita nyimbo zote. Inasema amani ishuke, na uzima, kwetu na kwa wote.

"Na wafu?" Bibi akauliza.

"Hawamo."

"Mwambie asinifiche. Wafu wametajwa wapi?"

Nikauliza tena. Gogo alitikisa kichwa. Hawatajwi popote, alisema, hakuna hata neno moja la mauti tangu mwanzo mpaka mwisho. Ni sala ya kumsifu Mungu siku ambayo hujisikii kumsifu, basi.

Niliona kitu kilichokuwa kimekazwa ndani ya Bibi tangu Uvira kikilegea, si chote, kiasi. "Kwa hiyo hata anayengoja anaweza kuisema," alisema. Nilipomtafsiria, Gogo alifikiri, akasema kwa maoni yake anayengoja ndiye anayeihitaji zaidi. Kisha wakaisema, Gogo maneno ya Kiebrania, Bibi akiitikia, na ndipo Bibi alipolia. Alilia kwa sauti, kilio cha matanga ambacho majirani wa chini walikisikia na hawakugonga dari. Hakuna aliyesema kwamba yale ni matanga. Mimi sikusema, Mama aliyekuja mbio hakusema, na hata leo sisemi. Lakini jioni iliyofuata Bibi alipakua sahani ya Mjomba, akaifunika, na hakuiweka dirishani. Aliipeleka kwa jirani ikiwa moto.

Gogo alitaka kwanza kujua kama samaki wale wana magamba, maana wasio na magamba kwake ni mwiko. Bibi aliona hayo ni matusi. "Mwambie ni dagaa wa Tanganyika, sio kambare." Gogo akala kwa sahani yake mwenyewe, na akakiri kwetu kwamba ile ya kwanza aliwapa njiwa. Urafiki wao ulikuwa wa namna hiyo, hawakuelewana neno na kila mmoja alimlalamikia mwenzake kwangu. Akija kwetu Gogo aligusa lile kovu la mlangoni kwa ncha za vidole na kuvibusu, maana ndani yake, alisema, mna maneno ya Mungu. Ijumaa zikaendelea. Sisi upande huu tukiomba, Mama wa maombi akiwa amerudi na kujifanya hajawahi kutaja kiberiti, na ukuta ukiitikia, "Omein." Nilizoea mpaka nikaanza kusinzia.

Halafu Ijumaa moja ukuta haukuitikia. Tulirudia Amina, tukangoja. Tulimkuta kitini, sinia mbele yake, mishumaa haijawashwa. Watu wa dini yake walikuja haraka na kwa heshima, wakamchukua. Fleti ilipata wapangaji wapya wenye redio kubwa. Lakini Bibi hakubadilisha utaratibu. Aliomba, akasema Amina, akanyamaza kidogo kama anayempisha mtu, kisha mwenyewe, kwa sauti kavu na nyembamba ambayo haikuwa yake, akasema, "Omein." Mara ya kwanza nilitoka nje. Nilikaa kwenye ngazi nikasikiliza lifti ikipuliza.

Miaka imepita. Mjomba hatujui alipo mpaka leo. Mama amerudi Uvira, anasema huko angalau mvua anaijua. Lile jengo nililiona mwaka huu nikiwa nimesimama kwenye robot, taa za barabarani, likiwa madirisha matupu, hakuna hata pazia. Eish, niliona uchungu ambao sikuutarajia, maana tulipokuwa mle nilichotaka ni kutoka tu. Nilitoka. Nina nyumba ndani ya uzio, mlinzi getini, kuta nene. Sijui majirani zangu wanaomba nini, au kama wanaomba. Ukianguka jikoni hapa watakukuta kwa harufu. Kule Hillbrow tuliishi na midomo ya watu masikioni na tukaiita shida, na kumbe ndiyo iliyokuwa inatuitikia.

Bibi aliishi nami hapa mpaka mwisho, akilala chumba kimoja na binti yangu, ukuta mmoja na chumba changu. Binti amezaliwa hapa. Kiswahili anakielewa, ila umsemeshe vyovyote atakujibu Kiingereza, na kwa Bibi alijibu Kiingereza vilevile. Usiku wa kila siku niliomba kwangu, nikasema Amina, na Bibi akaitikia ng'ambo ya ukuta kwa ile sauti ya Gogo. Ndiyo sababu tangu tumzike nimefunga mdomo.

Jana jioni nilichoka kuogopa. Jua lilikuwa linazama, chakula hakijaiva, binti yupo chumbani kwake. Nilikaa kitandani na kitabu magotini, sikukifungua, nilikiacha kijifungue. Niliweka dole gumba langu juu ya alama ya Bibi na ya mzee yule, nikamwombea Bibi, nikamwombea Mjomba popote alipo, na Gogo. Nikasema Amina. Nikangoja. Kisha ukuta ukasema, "Omein."

Nilikwenda chumba cha pili. Binti yangu alikuwa amekaa sakafuni akipaka rangi picha, hajali lolote, amekipa mgongo kitanda cha Bibi kilichotandikwa. Nikamuuliza kama ni yeye aliyeitikia. Akasema ndiyo. Nikapumua, nikacheka, nikamwambia umefanya vizuri, nani kakufundisha kusema vile? Hakuinua kichwa. Alinijibu kwa Kiswahili, Kiswahili cha Uvira, ambacho hajawahi kukitoa kinywani mwake.

"Bibi iko anaitikia," alisema. "Miye nafwata tu."